Miaka Kumi na Mmoja Ndani ya Stoo

4 Machi

Mdogo wangu mpenzi,

Hujambo? Mgongo unaendeleaje tangu tumzike mama? Huku sisi wazima. Kidoti wangu ametimiza miaka minne na anaongea kuliko redio. Marehemu baba yake angekuwepo angeomba likizo.

Nina shida ya kikazi. Umeme unakatika kila siku, dawa zinaniharibikia. Njoo unifungie ule mtambo wa mgando kwenye stoo ya nyuma ya duka. Nasikia ukishawashwa, muda unasimama chumba kizima: dawa iliyobakiza siku tatu inabaki na siku zake tatu hata upite mwaka. Mimi nimesomea famasia, mambo ya spana nakuachia wewe. Kila mtu na bahati yake.

Niletee pia begi langu la shule lililobaki kwa mama. Usihangaike kulifungua, ni makaratasi tu.

Dada yako

19 Machi

Dada,

Shikamoo. Ni ya mwisho kukupa. Barua hii utaikuta mlangoni. Kwako itakuwa ni sasa hivi tu umeingia kupanga maboksi, nami nikawasha mtambo ukiwa ndani. Huku nje itakuwa imepita miaka kumi na mmoja.

Begi nililifungua. Nilikuta barua ya chuo cha famasia yenye jina langu, bahasha imechanwa vizuri kwa kisu. Uliniambia sikuchaguliwa. Ukaenda chuo wewe, ukaolewa, ukafungua duka. Mimi nikabaki kumgeuza mama kitandani miaka kumi na mmoja, huku nikijifunza kutengeneza friji uani kwa jirani. Ungeniomba nibaki, ningebaki. Hukuniomba.

Utatoka na miaka yako thelathini na minne, mimi nitakuwa na arobaini na miwili. Kidoti nitamlea mimi, mama yake mdogo. Siku hiyo kwa umri nitakuwa mama mkubwa. Watu nitawaambia umekimbia na mwanamume. Nina hakika wataamini upesi.

Mdogo wako mpaka leo

19 Machi, mwaka wa kumi na moja

Dada,

Natumaini u mzima. Humo ulimo huwezi kuwa vinginevyo. Leo ndiyo siku yako. Tangu asubuhi nimelisogeza kabati nililoufichia mlango wako, nimeshika swichi mara mbili, nimeshindwa.

Kisasi nilikifurahia, sitakudanganya. Mwaka wa kwanza nilikuwa nakuja hapa na kikombe changu cha chai, nakusimulia mvua na harusi za watu, ili nijisikie vizuri. Kisha Kidoti akaugua surua, akalala kifuani kwangu wiki nzima, akaniita mama. Nikaitika. Sasa ana miaka kumi na mitano na hataki tena nimsuke. Nikikufungulia utamchukua. Kwa hiyo naongeza miaka saba, mpaka ajitegemee.

Ulichukua changu bila kuniuliza, nami nachukua chako. Sina la kujitetea.

Mama Kidoti

2 Aprili, mwaka huohuo

Shikamoo, dada,

Ulitaka kuamkiwa, haya basi. Hali yangu ni njema. Barua zako hazikuingia ndani. Mgando ulizishika kizingitini, ncha zikabaki nje. Kidoti aliziona akifagia nyuma ya kabati, wewe ukiwa safarini kwenye mitambo yako. Alizisoma, akazima swichi.

Niligeuka nikaona msichana mrefu mlangoni, ameshika karatasi. Nikamuuliza yeye ni nani, na mwanangu yuko wapi. Akanipa barua zako nisome.

Siku hiyo niliapa nitakufungia humohumo mpaka usahaulike. Kidoti ameuficha ufunguo wa mtambo. Aliniuliza kama kweli bahasha niliichana mimi. Nikakubali. Nikaanza kumweleza kwamba mama alikuwa mgonjwa, lazima mmoja wetu abaki. Akanikatiza.

“Mmelipizana vizuri,” alisema. “Nani kati yenu aliniuliza mimi?”

Anataka tukae naye Jumamosi saa nne asubuhi, wewe na mimi, tumjibu. Nilikuwa natafuta kisasi kitakachokutosha, na naona hiki kinatosha: uje umtazame usoni kama nilivyomtazama. Usipokuja nitamjibu peke yangu, na unajua ninavyojua kujieleza.

Mdogo wako sasa