Injini Iliyokataa Kuzimika

Mpendwa mjukuu wangu Chelagat,

Habari ya Mombasa? Huku Njoro tuko salama, ngano imeota vizuri, na mjomba wako amepata mtoto wa pili. Umeuliza kama gari lako la turbo linaweza kuwekwa oili yoyote. Tafadhali usijaribu! Soma kitabu cha gari, nunua aina iliyoandikwa humo, na uibadilishe kwa wakati.

Nikiwa msichana nilikuwa naendesha pikapu ya baba, ya dizeli, yenye turbo, ile feni inayosukuma hewa ndani ya injini. Oili ilikuwa imechakaa na kupungua, nami nikaongeza ile nzito ya trekta. Niliona aibu kuuliza. Siku moja mimi na baba tulipofika Kikopey, penye vibanda vya nyama choma kando ya barabara, turbo iliharibika na injini ikaanza kunywa oili yake yenyewe na kuichoma kama dizeli. Nilizima nikachomoa ufunguo, lakini injini ilizidi kunguruma! Nilibaki nimeushika ufunguo mkononi, moshi umefunika barabara, wateja wa nyama choma wakitimua mbio.

"Weka gia ya tano!" baba alipiga kelele. "Kanyaga breki kabisa, halafu achilia klachi!"

Gari liliruka mara moja, likanyamaza.

Nilimwambia ukweli kuhusu ile oili huku nikilia, nikingoja anigombeze. Baba alijipangusa jasho.

"Nilikupa ufunguo," akasema, "lakini sikukufundisha gari. Kosa ni letu sote."

Nimefurahi sana kwamba wewe umeuliza.

Nyanya yako anayekupenda