Data, Kesi Yako Imekoma

Data,

Mwakeye, baba, nakusalimu. Nimerudi Kasulu jana jioni na madaftari ya watoto yamejaa mezani, lakini sishiki kalamu nyekundu kabla sijakwambia: kesi yako imekwisha! Jana asubuhi, mahakamani Kibondo, nimesikia kwa masikio yangu haya mawili.

Utusamehe, tulichelewa. Tulikuzika, tukalia, tukamaliza matanga, na hakuna hata mmoja wetu, pamoja na mimi mwalimu mzima, aliyefikiria kwenda kuiambia mahakama kwamba umefariki. Tulidhani ukishazikwa, na kesi imezikwa. Kumbe wenzetu wanakusubiri. Tarehe yako ikafika, ukaitwa, hukutokea. Hakimu akaamuru ukamatwe, na mdhamini wako aje ajieleze. Masikini Mzee Filipo, mwenzako wa mizinga aliyekudhamini! Nyuki hawamtishi, lakini karani akimwangalia tu anasahau hata jina lake. Tangu apate wito ule alikuwa hali chakula.

Polisi wawili wakaja Kumsenga, nami nilikuwa nyumbani likizo. Wakauliza uko wapi. Hasira ilinipanda hata viti sikuwapa. Nikawapeleka nyuma ya migomba, nikawaonyesha msalaba. "Huyu hapa. Mkamateni." Mmoja akavua kofia. Mwenzake akanieleza kwa upole: mshtakiwa akifa, kesi ya jinai dhidi yake haiendelei, ila mahakama haiwezi kuota ndoto kwamba amekufa; lazima ipelekewe cheti cha kifo. Niliona aibu, Data. Nikawachemshia chai.

Basi jana tukaenda, mimi na Filipo, amevaa lile koti lako la kijivu. Karani akatoka mlangoni, akaita jina lako mara tatu. Lo! Tangu tukuzike hakuna aliyekuita kwa sauti kubwa namna ile. Nikasimama, nikatoa cheti. Mwendesha mashtaka akakisoma, akasema hana pingamizi. Hakimu akaandika, kisha akasoma: shauri limeondolewa kwa kuwa mshtakiwa amefariki, na mdhamini ameachiliwa. Miezi yote ile ya kwenda na kurudi, kesi inaahirishwa na wewe unakohoa, ikaishia kwenye dakika tano.

Sikuridhika. Unanijua. Ungekuwepo ungeninong'oneza, "Usituletee ualimu wako hapa." Nikanyoosha mkono kama mwanafunzi. "Mheshimiwa, naomba uandike kwamba hakuchoma msitu." Karani akanitolea macho. Filipo akanivuta kitenge.

Lakini ningenyamazaje? Walikushtaki kwa sababu mzinga wako ulikuwa karibu na palipoungua, na siku ile ulikuwa kitandani na homa, mimi ndiye niliyekuwa nakukanda kwa maji. Nilijiandaa kuja kuwa shahidi wako, nikafanya mazoezi hadi mbele ya kioo. Na ile wiki ya mwisho, hata uji ulipokushinda, hukuuliza habari za shamba. Uliniuliza, "Nikifa, watasema mchoma msitu amekufa?" Nami nikakwambia unywe uji, uache maneno mengi. Nisamehe, Data. Nilikuwa naogopa kulia mbele yako.

Hakimu hakukasirika. Alisema hawezi kuandika hivyo, maana hajasikiliza shahidi hata mmoja, na marehemu hawezi kuja kujitetea. "Lakini, mwalimu, elewa na upande wa pili. Baba yako hakutiwa hatiani. Na hakuna mahakama itakayomtia hatiani tena."

Nikaomba arudie. Akarudia.

Nililia pale pale, watu wananitazama, na wala sikuona haya. Nilijisikia mwepesi, Data, sijui nikuelezeje. Nje Filipo alicheka mpaka akakohoa, halafu akala ugali na maharage sahani mbili, ya pili akiwa bado anacheka. Mimi nikarudi ndani kuomba nakala ya amri yenye muhuri. Ninayo hapa, nimeiweka kwenye bahasha isije ikapata mafuta ya taa.

Lala salama, baba yangu. Sikudanganyi kwamba Kumsenga yote itanyamaza. Yule jirani yetu wa bondeni mdomo wake haujapata dawa. Ila nakuahidi hivi: likizo ijayo, baada ya ibada, nitasimama mbele ya watu wote niisome karatasi hii, kwa Kiswahili kisha kwa Kiha, polepole kama ninavyosomea watoto imla, asije mtu akasema hakusikia. Mwenye swali ataniuliza mimi. Wewe umemaliza kujibu.

Ni mimi mwanao,
Mwalimu wako mbishi