Msalaba Uliotengenezwa kwa Magongo Yako

Mpendwa dada yangu Rael,

Leo ni Jumatatu ya Pasaka, nami naandika karatasi ikiwa gotini. Mwandiko utauona umepinda. Usinicheke kama ulivyonicheka nilipokuwa darasa la pili, nikaandika jina lako kwa herufi zote zimelala, ukasema, "Hata mimi sijalala hivyo."

Nimeamua hii iwe barua ya wazi kwa sababu uliangushwa mbele ya watu wote. Haifai niombe msamaha pembeni kwa kosa nililolitenda katikati ya kanisa. Lakini nimeituma kwako kwanza. Kama kuna mtu mwingine anayeisoma sasa, ajue kwamba wewe umekubali.

Dada, nimeyapata magongo yako. Hayakuondoka na wale wageni wa kongamano kama tulivyodhani. Yalikuwa kanisani miaka hii yote miwili, na Ijumaa Kuu nimeyabeba begani bila kujua.

Unaikumbuka Njia ya Msalaba ya kwetu. Haitoki nje ya ua wa kanisa, kwa ajili ya usalama. Mlinzi hubaki langoni akipapasa mikoba, na sisi huzunguka ukuta kwa ndani, vituo vyote kumi na vinne vikiwa vimepachikwa kati ya tangi la maji na choo cha wanaume. Wewe ndiye uliyeninong'oneza mwaka mmoja, "Yesu wa Garissa hafiki Golgotha, anazunguka tangi tu." Nilicheka mpaka Katekista Yakobo akanifinya sikio. Wewe hakukugusa. Ulikuwa umeinamisha kichwa kama malaika.

Mwaka huu kulikuwa na msalaba mpya. Ule wa zamani uliliwa na mchwa, na katikati ya Kwaresima ukakatika mikononi mwa mwenyekiti wa wazee. Huo mpya ulikuwa mwembamba, umepakwa vanishi nyeusi, na pale katikati ulizungushiwa kitambaa cha zambarau. Wasichana wa sekondari tulipewa kituo cha tano, Simoni wa Kirene anapomsaidia Yesu. Niliiomba zamu hiyo mwenyewe. Nilitaka sana kuwa Simoni.

Nilipoupokea, vidole vyangu vilipita juu ya kiungo. Chini ya kiungo kulikuwa na mstari mfupi uliochomwa. Vikashuka. Kiungo kingine, mistari miwili. Nilijua kabla sijafika cha tatu, lakini nilifika, na mistari mitatu ilikuwepo.

Wasomaji wengine hawajui, kwa hiyo niseme. Miguu yako ilikataa kukubeba ulipougua homa ukiwa na miaka mitatu. Baba alikuchongea magongo ya mti wa mathenge, ule mti wa miiba ambao kila mtu hapa anaulaani kwa kuwa unang'oa meno ya mbuzi na kuziba njia za mto. Baba alisema, "Mti mbaya hauliwi na mchwa." Ulipokua hakutengeneza mengine. Aliunga kipande chini, akakikaza kwa bolti, akachoma alama kwa msumari wa moto. Mstari mmoja ulipoingia darasa la tano. Miwili ulipomaliza la nane. Mitatu, mwaka ule alioanza kukohoa. Mstari wa nne hakuufikia.

Sasa baba yuko kaburini, na kazi ya mikono yake ilikuwa begani kwangu, imepigiliwa misumari, imepakwa rangi, na watu wanaipigia magoti.

Nilisimama. Nyuma yangu wimbo uliendelea, kisha ukaanza kugongana wenyewe. Katekista Yakobo akanisogelea. "Pokeza, mwanangu. Jua ni kali."

"Huu msalaba umetoka wapi?"

"Pokeza kwanza."

"Katekista, huu msalaba umetoka wapi?"

Alitazama mchanga. Mama mmoja akasema, "Ni funga hiyo, mpeni maji." Mwingine akasema, "Wasichana wa siku hizi, hata saa moja ya mateso hawawezi." Basi nikaketi chini, dada, palepale mchangani, nikaupakata msalaba kama mtoto, nikasema kwa sauti ambayo sikujua ninayo, "Haya ni magongo ya Rael."

Mwenyekiti wa wazee akafunga kitabu chake cha nyimbo.

Nataka nirudi sasa kwenye siku ile nyingine, kwa sababu sijawahi kuisimulia mpaka mwisho, hata kwa mama, ambaye alikuwa zamu hospitalini. Yule mhubiri mgeni alipokuja kwa kongamano la maombi, alihubiri kwamba imani isiyoweza kuacha gongo ni maneno tu. Alikuwa anakutazama wewe. Wewe ulikuwa umekaa ukingoni mwa benchi, unajipepea kwa kitabu cha nyimbo, umechoka naye. Wewe hukuinuka. Hukuinua mkono. Mimi ndiye niliyeinuka.

Nilikuwa na miaka kumi na minne. Wakati wa sadaka watu walipeleka unga, sukari, na kuku mmoja aliyefungwa miguu. Mimi nikayachukua magongo yako kutoka ubavuni pako, bila kukuuliza, nikayapeleka altareni pamoja na kuku. Kanisa zima likapiga makofi. Nilidhani ninakupa zawadi. Nilidhani Mungu anangoja tu mtu mmoja wa nyumba yetu aamini bila kubakiza.

"Sasa inuka," mhubiri akasema.

Hukumtazama yeye. Ulinitazama mimi. Uliinuka ukishikilia benchi, nadhani kwa ajili yangu, ili nisiaibike. Ukaachia. Sijui kama ulifikisha pumzi tatu. Nilisikia kidevu chako kikigonga sakafu kabla sijaelewa kwamba umeanguka. Naye akasema kwenye kipaza sauti, "Kuna mtu humu ana shaka."

Ulikataa kubebwa na mtu yeyote aliyepiga makofi. Ulitambaa kutoka benchi la nne mpaka langoni, damu ikidondoka kwenye gauni lako la njano, na watu walikupisha njia kama wanavyompisha padre na uvumba. Nje ya lango alikuwapo Mama Sahara, jirani yetu, na punda wake na mkokoteni wa mitungi ya maziwa ya ngamia. Hakuuliza kitu. Alishusha mitungi, akakuinua akakupakia mkokoteni. Mimi nikawafuata nikilia. Njiani akageuka akaniita dada kwa Kisomali chake, "Abaayo, Mungu hana haraka, wallahi. Nyinyi ndio iko na haraka."

Tuliporudi kuyatafuta magongo hayakuwepo. Kila mtu alisema labda wageni wamekwenda nayo yawe ushuhuda huko waendako. Wiki tatu baadaye ukaenda Thika, chuo cha kushona, ukipelekwa stendi kwa mkokoteni uleule. Kabla basi halijaondoka ulinishika mkono. "Sina hasira na Mungu," ulisema. "Ila kanisani humo sirudi, na nyumbani sirudi, mpaka nirudishiwe magongo ya baba." Huko ulipewa ya chuma. Mama huniambia yanakwenda vizuri lamini, na hapa kwetu yangezama mchangani.

Nimesema Katekista Yakobo alitazama mchanga. Baadaye, ibada ilipokwisha kwa namna ilivyokwisha, alinikuta nimeketi kando ya tangi, msalaba bado mapajani. Akaketi na yeye, mzee wa watu, na kanzu yake nyeupe ikashika vumbi. Akaniambia kwamba jioni ile ile ulipoanguka ndiye aliyeyachukua akayafungia stoo ya sakristia ili yasikanyagwe. Kila Jumapili alikusudia kuyaleta nyumbani. "Lakini nilikuwa wa kwanza kupiga makofi, mwanangu. Nikifikiria kubisha mlango wenu, naiona mikono yangu." Ulipoondoka akaona amechelewa. Mchwa walipoumaliza ule msalaba, akakumbuka kwamba mathenge hauliwi. "Nilidhani nayapa heshima. Nilidhani, badala ya kukaa gizani, bora Bwana ayatumie."

"Bwana alikuwa na msalaba wake," nilimwambia. "Dada yangu alikuwa na haya tu."

Nilishtuka kusikia nimemjibu mtu mzima hivyo. Yeye hakunikemea. Alilia.

Dada, nimekuwa nikiwaza tangu hapo, na nitayasema ninayoyawaza ingawa mimi ni mwanafunzi wa kidato cha pili na alama zangu za dini ndizo nzuri kuliko za hesabu. Tulifanya vibaya mara mbili. Mara ya kwanza tulisema miguu yako ni kosa ambalo Mungu amesahau kulisahihisha. Mara ya pili tulisema mateso yako ni matakatifu, yanafaa kupakwa vanishi. Mara zote mbili hakuna aliyekuuliza. Kitu kilichokubeba wewe tukakigeuza kitu cha kubebwa na sisi, tupendeze.

Nakumbuka ulivyotusimulia nyumbani juu ya yule mwalimu wa mazoezi ya ualimu aliyekuuliza darasani kama unateseka sana. Ulimjibu, "Miguu yangu hainitesi, mwalimu. Kinachonitesa ni mchanga, na watu wanaonihurumia kwa sauti." Darasa zima lilicheka, naye akaandika kitu kwenye daftari lake. Ningelisikia jibu lile vizuri, nisingekwenda altareni.

Tena nimesoma upya jinsi Yesu alivyorudi kwa wanafunzi wake. Alirudi na matundu. Mtu aliyeshinda kifo angeshindwa nini kujifunika ngozi mpya? Lakini alirudi na mikono ileile, akamwonyesha Tomaso, na hakumwambia Tomaso apige makofi. Kwa hiyo mwili wenye alama si mwili ambao Mungu hajaumaliza. Sijui kwa nini uliugua. Sitasema tena kwamba ulipewa ili sisi tujifunze. Kama Mungu alitaka kunifundisha mimi, angenipa homa mimi. Ninachokijua ni kwamba mhubiri alipokuwa juu na kipaza sauti, na sisi tulipokuwa tunapiga makofi, Yesu hakuwa upande wetu. Alikuwa sakafuni, benchi la nne, anatambaa kuelekea langoni. Na nadhani alipanda mkokoteni.

Jumamosi asubuhi mimi na Katekista Yakobo tuliupeleka msalaba kwa fundi Dekow, kule nyuma ya soko la mbuzi, maana ndiye aliyeupigilia. Tulipoufunua alipiga ulimi.

"Mimi nilisema! Nilisema, mzee Yakubu, hii kitu iko na mwenyewe. Yeye anasema hakuna mwenyewe."

"Nilisema uongo," katekista akajibu.

Fundi alimtazama kidogo, kisha akachukua koleo. Misumari ilitoka ikilia. Kila msumari ulipotoka katekista alifumba macho, nami nilimwona akihesabu kwa midomo. Ilikuwa minne. Vanishi tuliikwangua kwa kipande cha chupa mpaka rangi ya baba ikarudi, ile nyekundu ya mathenge. Mistari yote ipo. Ila yamebaki matundu manne katika kila gongo, na moja limekatwa chini kiasi cha kiganja ili msalaba usimame sawa.

Fundi akaweka kidole juu ya tundu. "Nizibe? Niko na unga ya mbao na gundi. Hutaona kitu."

Katekista alinitazama. Nilitaka kusema ziba, ili uyakute kama ulivyoyaacha. Kisha nikataka kusema acha, kwa sababu ya Tomaso. Kwa mara ya kwanza nilikumbuka kwamba si yangu.

"Atasema mwenyewe," nikamwambia fundi.

Jana, Pasaka, hapakuwa na msalaba mbele. Kilikuwepo kile kigingi tu unaposimamishwa. Kabla ya matangazo Katekista Yakobo alisimama akawaambia watu mahali ulipo msalaba na ulitoka wapi. Akasema, "Mwaka juzi tulimwangusha binti yetu humu ndani, tukamwambia ana shaka. Mimi nilipiga makofi. Aliyepiga naye asimame." Nilidhani hakuna atakayesimama. Benchi likalia, kisha jingine. Mimi nilikuwa nimeshasimama. Sikuhesabu waliobaki wamekaa, niliogopa ningewachukia.

Magongo yako yako nyuma ya mlango, upande wa kulia, ulipozoea kuyaegemeza. Mama anapita kila saa kuyagusa. Nilitaka kuyatuma Thika kwa basi leo hii, yakufikie kabla ya barua, lakini fundi Dekow amekataa. Lile lililokatwa ni fupi, na wewe umekua. Anasema amekiweka kipande cha mathenge kikavu, kizuri, cha kuunga yote mawili. Nilimwomba akadirie tu. Nikampa simu ya mama azungumze na wewe umwambie urefu. Alicheka mpaka akakohoa. "Mimi sipimi mtu kwa simu. Mwambie huyo binti aje, asimame hapa, nipime."

Naye ametuahidi msumari wa kuchoma mstari wa nne. Nilisema nitauchoma mimi. Sasa nimefikiri tena, na nasema utauchoma wewe, au atauchoma utakayemchagua. Na ukisema usichomwe, hautachomwa.

Sikulazimishi kunisamehe. Nimejifunza kutokukuinua. Nitakuwa stendi na Mama Sahara na punda siku yoyote utakayosema, na usiposema, magongo yatabaki nyuma ya mlango, na hakuna mtu atakayeyabeba.

Ni mimi mdogo wako, uliyeniita gongo lako la tatu.