Mguu wa Mbuzi Wenye Mafundo

Jumamosi usiku

Mume wangu bado ananicheka.

Leo asubuhi nimefungua friji kutoa maziwa, nikakuta mguu wa mbuzi nyuma ya sufuria. Umepasuliwa, kisha ukashonwa kwa uzi mweusi, fundo baada ya fundo. Hina ya harusi haijafutika mikononi mwangu, nani keshaturoga?

Nikampigia simu mama yangu, kule Msambweni. "Usiuguse!" akasema. "Rudi nyumbani sasa hivi."

Nilikuwa mlangoni na begi, nalia, Salim wangu alipoingia kutoka hospitali anakojifunza utabibu.

"Unaniacha, mke wangu?"

Nikamwonyesha friji. Akainamisha uso kwa haya.

"Huo ni wangu. Jumatatu nitamshona mgonjwa kwa mara ya kwanza, na mkono unanitetemeka. Sikutaka ujue."

Mungu wangu! Na mimi nilidhani...

Akatoa sindano iliyopinda kama ndoana, akanieleza. Kila mshono una fundo lake na uzi wake hukatwa, ili mmoja ukiachia, mingine iendelee kushika kidonda. Nikaushika ule mguu kwa mikono yangu yenye hina, naye akashona polepole. Mkono wake haukutetemeka hata kidogo. Jamani, nampenda mtu huyu!

Ila kwa furaha nimesahau kumpigia mama tena. Sasa ametuma ujumbe: kesho alfajiri anakuja na mjomba, na ubani, kuuteketeza ule mguu.