Dozi Pungufu, Sababu Nyingine

Mama Mukubwa,

Nimesema. Ile habari ya boti uliyonikataza, nimemwambia dokta. Nakuandikia ili uisikie kwangu mwenyewe, si kwa mwingine.

Usikasirike kwanza. Ngoja nieleze.

Tangu utuache nimemaliza shule, na matokeo bado hayajatoka. Hospitali ileile ulimolazwa ilikuwa inatafuta vijana wa kusaidia kwenye chumba cha mafaili. Nikaenda, kwa sababu ni kazi ya kukaa na karatasi, na karatasi hazikuangalii usoni. Najua ungesema nini: "Huyu mutoto anasikia haya hata mbele ya mbuzi."

Kazi yenyewe ni ya ajabu kidogo, na ninaipenda. Mgonjwa akitoka wodini, faili lake linakuja kwetu. Tunasoma alichoandika dokta, kisha kila jambo tunaligeuza kuwa herufi na namba, ili wanaohesabu magonjwa huko juu waelewe bila kusoma faili zima. Kuna kitabu kinene cha namba hizo. Malaria ina yake. Kuumwa na mbwa kuna yake. Kuanguka kutoka kwenye boti pia. Nilitafuta siku ya kwanza. Nilibaki najiuliza ni nani aliyekaa chini akawaza mambo yote yanayoweza kumpata mtu, na kama aliwahi kuliona ziwa kama letu.

Anayenifundisha ni Ba Mwape, mkuu wa chumba kile. Ni Mbemba, mwenyeji wa huku, lakini zamani aliuza chumvi upande wa Kongo, kwa hiyo akitaka kunitania anatumia Kiswahili cha sokoni. "Weye, sema kwa nguvu! Niko nasikia panya tu humu ndani." Siku moja akanionyesha ukurasa wa dozi pungufu. Ni namba ya mtu aliyepewa dawa akameza kidogo kuliko alivyoambiwa, au akaacha kabisa. Namba hiyo haiwezi kukaa mbele, Mama. Ugonjwa unatangulia, dawa iliyopunguzwa inafuata, halafu inakuja namba ya tatu, ambayo ndiyo ilinishika: kwa nini. Alipunguza kwa kusudi, kwa kukosa pesa? Kwa kusudi, kwa sababu nyingine? Bila kusudi, kwa uzee na kusahau? Nilisoma ukurasa ule mara nyingi. Sikujua kwamba kitabu cha hospitali kinaweza kumuuliza mtu kwa nini.

Baada ya hapo likaja rundo la mafaili ya zamani ambayo hayajapewa namba. La saba lilikuwa lako.

Moyo. Miguu kuvimba. Pumzi. Halafu, kwa mwandiko wa kulala: mgonjwa amekuwa akimeza vidonge vya kukojosha pungufu ya alivyoagizwa, sababu haijulikani.

Ba Mwape alichungulia begani kwangu. Jina hakulisoma, aliona tu unakotoka: kambi ya wakimbizi. "Weka ile ya pesa," akasema. "Batu ba ku kambi, ni pesa tu."

Lakini vile vidonge ulipewa bure, Mama Mukubwa. Na sababu naijua.

Ni siku ile ya kwanza uliponichukua kuvuka ziwa letu hadi kisiwa cha Kilwa kununua samaki kavu. Asubuhi ulitoa kidonge kwenye karatasi, ukakitazama, ukakirudisha. Nikakuuliza. Ukasema, "Hiki siinywe leo. Nitajikojolea mu bwato mbele ya banaume? Na kama muko, mukwe wangu ya kesho, eko mulemule, atakuoa tena?" Nilitaka kuzama kwa aibu, na wewe ukacheka mpaka ukakohoa. Saa nyingi juu ya maji, wanaume mbele na nyuma, magunia katikati, na hakuna mahali mwanamke anaweza kujificha. Nikaelewa. Baadaye nikaanza kuhesabu kimyakimya: wiki uliyosafiri mara mbili, kwenda na kurudi, ilikuwa siku nne bila kidonge. Viatu vilipoanza kukubana ukasema ni joto. Na ukaniambia, "Usiambie dokta. Ni mambo ya siye banamuke."

Sikumwambia. Hata ulipolala pale huwezi kumaliza sentensi, nilisimama kando ya kitanda nikanyamaza, kwa sababu nilikuwa nimekuahidi.

Sasa kalamu ilikuwa mkononi mwangu na Ba Mwape anangoja. Nikamwambia, kwa sauti ya yule panya wake, kwamba faili hili ni la mama yangu mkubwa na sababu si pesa. Akavua miwani. Hakunitania. Akaniambia kitu ambacho sikukijua: sisi haturuhusiwi kuandika tunachokijua. Tunaandika kilichoandikwa na dokta tu. "Kama unajua, enda umwambie yeye. Akiandika, utaweka namba."

Yule dokta aliyekutibu ni kijana kutoka Lusaka. Nilisimama mlangoni kwake mpaka akadhani nimetumwa kuchukua kiti. Niliongea na viatu vyake. Nilisema yote: boti, wanaume, haya, siku nne. Nilingoja acheke. Hakucheka. Aliuliza safari inachukua saa ngapi, nikamjibu, akashika kichwa. Akasema hajawahi kupanda boti ya Kilwa. Akasema kidonge kile ungeweza kukimeza baada ya kufika. Baada ya kufika tu, Mama. Ni hivyo tu.

Nilimuuliza kama ungekuwa hai. Akasema hajui, na hataki kunidanganya. Nilimheshimu kwa hilo, lakini nililia njia nzima.

Aliongeza maneno kwenye faili lako, akatia tarehe na sahihi. Nikaweka namba mimi mwenyewe: kwa kusudi, sababu nyingine. Boti haionekani humo. Nimetafuta kitabu chote na haya ya mwanamke haina namba. Lakini sasa hakuna atakayesoma kwamba ulikuwa maskini tu, au kwamba ulisahau.

Nisamehe kwa kutoa siri yako. Nimejaribu kujuta na sijaweza.

Dokta amesema wanawake hawamwambii mambo haya, kwa hiyo ameniomba nikae Jumanne kwenye foleni ya presha, niwaulize kabla hawajaingia. Mimi! Jumanne iliyopita mama mmoja wa Kabuta aliniapia kwamba anameza kila siku, kila siku kabisa. Nikakaa naye. Watu wawili waliitwa, akaingia wa tatu. Ndipo akanisogelea, akauliza kwa sauti ya chini, "Na kama niko na safari?"

Lala vizuri, Mama Mukubwa. Jina lako sitalitaja kwa yeyote kati yao, hilo nakuahidi. Nitawauliza kila mmoja, na akitazama chini, sitaandika chochote. Nitangoja.

Mutoto wako,
Kapya