Emmanuel Hataki Kulia Tena

Muyinga,
tarehe 14 Juni 2009

Mpendwa mdogo wangu Josefina,

Kabla sijasema lolote nakusalimu. Je, goti lako limekuachia utembee? Shemeji na watoto huko Mwanza wanalala wameshiba? Sisi tangu turudi nyumbani tunalima, tunakula, Mungu anatuona.

Uliniuliza habari za Emmanuel. Mdogo wangu, mtoto alikuwa Gitega, pale Mushasha, akipiga video za harusi na za mapadri wapya. Gitega nzima hakuna aliyemfikia. Simsifu kwa kuwa nimemzaa, ingawa nimemzaa.

Unakumbuka kule kambini, tulipokuwa wakimbizi, Wajerumani walipomchukua acheze sinema, awe mtoto aliyepotezana na mama yake mpakani, analia? Basi sinema ile ilitufuata mpaka huku. Akiingia popote na kamera yake walikuwa wakimwambia, "Mtoto, tulilie kidogo." Kule Ryansoro mzee mmoja alisimamisha sherehe ya mahari mpaka Emmanuel alie kwanza. Nani aliwaambia ndiye yeye? Mimi, bila shaka. Mama gani atanyamaza?

Mwezi wa nne Wajerumani wakarudi. Walimtaka yule yule, sasa kijana, asimame mpakani Kobero alie kwa furaha ya kurudi nyumbani. Yeye akaomba kazi ya kamera. Mkubwa wao akakataa: uso kwanza. Na mimi nilishatangaza kanisani. Kwaya nzima ilikodi gari.

Wana mzee wao wa kamera, Dieter. Naye utotoni alicheza sinema kwao, akakimbilia nyuma ya kamera. Alimwambia Emmanuel kwamba hata alipomlilia mama yake mazishini, watu walimwangalia kama wako sinema. Ndipo mtoto akaniambia, "Mama, nikilia mara hii sitoki tena ndani ya sinema." Nikamjibu machozi ni maji tu.

Kobero, wapagazi na wabadilisha pesa wakamzunguka: lia, lia. Yeye akatazama chini. Kwetu machozi ya mwanamume hutiririkia tumboni, nami nikayaona yanavyoteremka. Nikalia mimi, Josefina, nikakaa chini pale kwenye kizuizi cha forodha. Dieter akamwekea mwanangu kamera begani, naye akanipiga picha mpaka machozi yakakauka.

Mkubwa wao akasema hiyo ndiyo. Sasa Emmanuel ni mpiga kamera wao, anazunguka nao, hakuna anayemdai machozi. Na nikuambie, nililia kumpita yeye.

Lakini sasa sokoni ni zamu yangu. "Mama Emmanuel, tulilie kidogo." Juzi tulimzika jirani yetu Nazario, yule aliyenipa mbegu tuliporudi mikono mitupu. Nikamlilia kwa moyo wote. Nyuma yangu wakasema, mwangalieni, anajua huyu. Mmoja akapiga makofi. Nikaziba mdomo kwa kitenge, nikarudi nyumbani na kilio changu.

Msalimie shemeji, na mwanao Happy, na mama mkwe wako Efrazia. Mungu awafunike nyote kwa blanketi moja. Ukija nitakupokea Kobero, na nikikuona nitalia. Wewe usicheke.

Wako akupendaye,
dada yako Kasilda