Mgongo wa Gabriella kwenye Filme

Mpendwa Dada Sylvie wa redio yetu, mi ni Mama Gabriella, mshonaji hapa kambi ya wakimbizi ya Dzaleka, mtu wa Fizi kule Congo, naomba msaada wako maana roho inaniuma, na huku ninacheka. Mtoto wangu Gabriella njo binti wa kwanza hapa kambini kusimama juu ya ubao na kuteleza na mawimbi, alianza kwetu, ziwa Tanganyika, na kipande cha mtumbwi uliovunjika, na leo babinti ba bloki yetu banajaa kwa mlango wangu kila mangaribi, anabasimamisha juu ya ubao kwenye vumbi, anabafundisha kupinda magoti. Mzazi gani amezaa kama mimi? Basi batu ba filme bakamuchukua mpaka ziwa Malawi, kule Salima, upepo wa mwera unavuma, ule unaoinua mawimbi, filme ya kwanza ya mambo hiyo kwa ziwa hii, na mi nikatangaza kanisani, nikatangaza sokoni, mpaka kwa batu ba kabaza, bale ba teksi za baiskeli, kule Lumbadzi, kwamba mtoto wangu njo staa.

Walipotuita Area 47, kule Lilongwe, kuiangalia, nikavaa kitenge kipya, nikaenda na jirani yangu Mama Mulenda. Kumbe! Sura ni ya msichana mwingine wa Lilongwe, maji ikimufika magotini analia. Wimbi likija, hapo njo Gabriella, wamemvalisha peruki, nywele kama za yule msichana, wanamupiga picha kwa mgongo. Nikasimama: "Huo mgongo ni wa mtoto wangu, nimeupaka mafuta mi mwenyewe!" Watu wakasema, "Maman, keti." Mama Mulenda akaninong'oneza, "Staa wako ametupa kisogo." Na mwisho wa filme, jina lake hakuna.

Sasa banamuita kwa filme ya pili, na anataka kwenda. Anasema, "Maman, mi napenda mawimbi. Sura yangu munaiona hapa nyumbani kila siku." Nimeficha ubao chini ya kitanda. Babinti banakuja, banarudi. Nimukatalie, ao nimuache?

*

Mama Gabriella, pole, na hongera kwa mtoto. Lakini nikuulize: nani ameumia, Gabriella ao wewe? Ulitangaza staa kabla ya kuuliza kazi yenyewe ni gani. Mama Mulenda amekuchoma, halafu adhabu unampa mtoto, na babinti wa bloki nzima juu yake! Toa huo ubao leo, kabla hawajafika.

Kwa habari ya jina, una haki, usinyamaze. Gabriella awaambie watu wa filme kabla ya kulowa: jina langu liandikwe, ama mtafute mgongo mwingine. Hawataupata. Wewe usimsemee, mdomo anao. Kanisani simama useme kwamba sura si yake, mawimbi ni yake. Sema mara moja, ukae.

Kisha ombeni mapema ruhusa ya kutoka kambini, mwende Salima wote wawili. Kamera itabaki majini, nyuma yake. Wewe simama mchangani. Wimbi likimleta, atakuja akikutazama.